Mgongo Ule Haukuwa Wangu

Nilivuka barabara bila kutazama kushoto wala kulia, na ole wake dereva ambaye angethubutu kunipigia honi asubuhi ile. Mkono mmoja ulishika futikamba, wa pili ulikuwa umekunja ngumi bila mwenyewe kujua. Watu walinipisha. Nadhani uso wangu ulikuwa unajieleza.

Mimi si mtu wa makelele. Kazi yangu ni ya kuinamisha kichwa: natengeneza vitabu vya wasanii, zile katalogi unazozikuta mezani kwenye maonyesho ya picha, zenye karatasi nzito na harufu ya wino. Chini ya kila picha naandika maelezo madogo: jina lake, mwaka iliochorwa, aina ya rangi, kimo kwanza, upana baadaye. Watu wengi hawayasomi. Lakini ukikosea mwaka mmoja tu, miaka thelathini baadaye atakuja mtu anayeandika habari za msanii huyo, atakinukuu kitabu chako, na uongo utakuwa umeota mizizi. Ndiyo maana napima kila picha mara mbili, na ndiyo maana kwenye kiwanda cha uchapaji wamenipachika jina la Rula. Silichukii.

Katika kazi hii nina mwiko mmoja. Mwaka wa picha siuandiki kwa kuambiwa. Naigeuza picha nikatazama nyuma ya turubai, maana huko ndiko wachoraji huandika tarehe kwa mkono wao siku rangi ikiwa bado mbichi. Msanii anaweza kusahau, dalali anaweza kudanganya, lakini maandishi ya nyuma hayana sababu ya kusema uongo.

Mwiko huo nimeuvunja mara moja maishani, na niliuvunja kwa ajili ya mwanamume.

Wenzake wanamwita Kimya. Ukimuuliza swali anakutazama kwanza, anafikiri, halafu anakujibu nusu. Kwa macho yale anayokutazama nayo, nusu ile ilikuwa ikinitosha. Zilikuwa zimebaki wiki tatu anioe. Wiki mbili kabla ya... hapana, nisikimbilie. Zilikuwa zimebaki wiki mbili maonyesho yake makubwa ya kwanza yafunguliwe, na moyo wa maonyesho hayo ulikuwa picha saba za mwanamke mmoja aliyekaa mezani, ametupa mgongo, nguo imemteremka mpaka kiunoni. Saba zote mwanamke yule yule, kiti kile kile chekundu.

Mwanamke huyo ni mimi. Hivyo ndivyo nilivyoamini, na hivyo ndivyo nilivyoandika ndani ya katalogi, kurasa nane nzima, kwa jina langu kamili, nikieleza inakuwaje mtu apendwe kwa kutazamwa.

Sasa asubuhi hiyo, saa moja, simu ikalia. Alikuwa Mzee Wino, msimamizi wa kiwanda cha uchapaji.

"Mwanangu, picha ya nne umeilaza. Picha imesimama wima, wewe umeandika upana umezidi kimo. Nenda kapime, kisha uje uweke sahihi. Saa sita mashine naikabidhi kwa madaftari ya shule, na yakishaingia hayo siyatoi kwa ajili ya mtu yeyote."

Nikacheka, nikachukua futikamba yangu, nikaenda ukumbi wa maonyesho. Fundi wa fremu alikuwa ameziegemeza zile picha ukutani, zimegeuzwa, maana alikuwa anazivalisha fremu mpya. Karatasi za kaki zilizokuwa zimegandishwa nyuma alikuwa amezibandua zote. Nilipozipima mwezi uliopita karatasi zile zilikuwapo, na mimi, kwa mapenzi, sikutaka kuzichana. Nilimwambia Kimya aniandikie miaka kwenye orodha. Akaniandikia.

Basi nikaona. Nyuma ya picha ya nne, kwa mkaa, kwa mwandiko wake ule wa kuinamia kushoto, palikuwa na mwaka ambao ni miaka mitano kabla sijamjua. Chini yake maneno matatu: *Yeye, kikao kirefu.*

Nikageukia ya kwanza. Nikageukia ya pili. Nilizisoma saba zote, nikazipiga picha kwa simu. Hakukuwa na hata moja iliyochorwa nikiwa ndani ya maisha yake.

"Dada, zina kasoro?" fundi wa fremu akaniuliza.

"Kasoro ni yangu," nikamwambia, na nikatoka.

---

Nilimkuta Kimya kiwandani. Alikuja kukagua rangi, kama tulivyopanga. Alikuwa ameinamia meza ya taa, ile ya kioo inayowaka kutoka chini, lenzi jichoni, kurasa za majaribio zimetandazwa mbele yake, na kwenye kucha zake mabaki ya buluu ambayo hayatoki hata akizisugua kwa jiwe. Moyo wangu hauna adabu: hata katika hasira ile uliziona zile kucha ukaruka.

"Wekundu wa kiti umezidi kidogo," alikuwa akimwambia Mzee Wino. Akainua kichwa, akaniona, akatabasamu lile tabasamu la upande mmoja. "Rula wangu. Umechelewa."

"Tabasamu hilo lirudishe ulikolitoa," nikasema. "Picha ya nne uliichora mwaka gani?"

Akanitazama. Akafikiri. Kwa mara ya kwanza nilimwona anafikiri nikajua anachokifikiri.

"Si nilikuandikia kwenye orodha."

"Orodha ninayo. Nakuuliza wewe."

"Mwaka ule tulipokutana."

"Mwezi gani?"

Akairudisha lenzi jichoni.

"Natoka ukumbini sasa hivi. Fundi amebandua karatasi za nyuma. Zote."

Lenzi aliishusha taratibu juu ya meza, kama mtu anayeweka yai. Mzee Wino akakohoa, akasema, "Mimi nikatazame mashine," akasogea hatua tatu tu, akaanza kupanga karatasi ambazo zilikuwa zimeshapangwa.

"Sikukudanganya," Kimya akasema kwa sauti ya chini. "Mimi sikuwahi kusema kuwa ni wewe. Wewe ndiye uliyesema."

Hebu mfikirie mwanamume huyo! Laiti angeniomba msamaha pale pale, pengine ningelia tukayamaliza. Lakini kunirudishia kosa mikononi, kama chenji!

Na kibaya zaidi, ilikuwa kweli. Miaka mitatu nyuma, tukiwa na miezi minne ya kupendana, nilikuwa na tabia ya kusahihisha kazi zangu kwenye meza ya studio yake, nimempa mgongo, na yeye nyuma yangu akinichora kwa penseli kwenye daftari. Nikiisikia ile penseli inakwaruza nilijiona malkia. Siku moja akafungua stoo, akazitoa zile picha kubwa azipanguse vumbi. Nikaona mwanamke, meza, mgongo. Nikapiga kelele, "Ni mimi! Umenichora mimi!" Nikamrukia shingoni. Yeye akanyamaza, akanikumbatia. Na mimi nikauhesabu ukimya ule kuwa ni unyenyekevu.

"Ukanyamaza," nikamwambia.

"Ulifurahi sana. Sijawahi kumfurahisha mtu kiasi kile. Nikasema nitamwambia kesho."

"Kesho yako ina miaka mitatu!"

"Najua."

"Hujui! Ungejua usingesimama hapo unanitolea macho. Unajua mimi nimefanya nini kwa ajili ya picha zile? Nimegombana na baba yangu mzazi, nimehama nyumbani, kwa ajili ya mgongo wa mwanamke mwingine!"

Bahati mbaya mashine kubwa ilikuwa imezimwa dakika ile ile. Sentensi yangu ilikizunguka kiwanda chote ikarudi. Mahali fulani nyuma ya mabunda ya karatasi mtu alisema "Duh."

---

Baba yangu ni fundi cherehani. Ana duka la chumba kimoja, na hakuna nguo niliyovaa tangu nizaliwe mpaka namaliza shule ambayo haikupita mikononi mwake. Miezi miwili iliyopita nilimpelekea kadi ya mwaliko wa maonyesho, ile yenye picha ya nne mbele. Nilijua atafoka. Nilikuwa nimejiandaa kwa maneno ya aibu na heshima na watu watasemaje. Shangazi alishanionya: "Mwanangu, baba yako akiuona mgongo huo atakufa na pini mdomoni."

Baba alivaa miwani, akaisogeza kadi dirishani. Aliitazama muda mrefu, kuliko hata mimi nilivyowahi kuitazama. Wateja wawili walikuwa wamekaa kwenye benchi.

"Huyu kijana," akasema, "hajawahi kukutazama."

Hakufoka. Ndiyo maana iliniuma zaidi. Nikamwambia mbele ya wateja wake kwamba ana wivu, kwamba tangu mama afariki anataka nikae pale nimfunge vifungo mpaka nizeeke, kwamba kuna mtu mmoja duniani aliyeniona mimi ni mzuri, na yeye baba hatamvunjia heshima. Akarudisha kadi juu ya meza, akaikanyaga pedali ya cherehani. Nikabeba nguo zangu siku hiyo hiyo nikahamia kwa shangazi.

Na asubuhi hii, ukumbini, nilipoigeuza picha ya nne nikaitazama tena upande wa mbele, nikaona kitu ambacho mshonaji angekiona kwa sekunde moja. Mabega ya yule mwanamke yako sawa. Yamenyooka kama rafu. Yangu hayako hivyo. La kushoto limeshuka, limeshuka tangu utotoni, na kila gauni alilonishonea baba lina kipande cha sponji upande huo ili watu wasijue. Mwenye kunipenda alilichora bega ambalo si langu, na mimi mwenyewe sikulitambua. Mzee wangu alilijua.

---

"Yuko wapi?" nikamuuliza Kimya.

"Nani?"

"Usinifanye mtoto."

Akajifuta uso kwa kiganja. "Yuko hapa hapa mjini. Ameolewa. Anafundisha watoto kuogelea."

"Anajua kuwa picha zake zinatundikwa?"

"Hajui. Tuliachana kabla hata rangi ya ile ya saba haijakauka. Nyumbani kwao walinikataa. Baba yake alisema mchoraji ni mtu asiye na kazi anayejifanya ana kazi."

"Baba yake ana akili."

"Rula..."

"Kwa hiyo mpango wako ulikuwa huu. Siku ya ufunguzi anaingia ukumbini, na mumewe pembeni. Anajiona saba ukutani. Ananunua katalogi, anafungua, anasoma kurasa nane za mwanamke asiyemjua anayesema, 'Huyu ni mimi.' Halafu?"

Kimya akainama. Mabega yake, ambayo nimeyalalia nikihisi hakuna baya litakalonipata, yalikuwa yameshuka kama koti lililotundikwa msumari mmoja.

"Sikufika huko kwa mawazo," akasema.

"Hukufika popote kwa mawazo. Na bado hujaniambia kuhusu orodha. Kunyamaza ningeweza kukusamehe, pengine, nikizeeka. Lakini orodha uliiandika. Ulikaa, ukachukua kalamu, ukaandika mwaka wa uongo mara saba, ukanipa mimi. Mimi! Unajua kazi yangu ni nini?"

"Ningeandika ya kweli ungejua."

"Si ndiyo maana ya kweli!"

Mzee Wino akapiga chafya isiyokuwa chafya. "Saa nne na robo," akasema kwa upole, bila kumtazama yeyote.

Ndipo Kimya aliponisogelea. Alisogea karibu kiasi cha kusikia harufu ya tapentaini kwenye shati lake, na aliponishika kiwiko mkono wake ulikuwa wa baridi. Nilitaka kumpiga kibao na nilitaka asiuondoe.

"Nisikilize," akasema. "Nakupenda wewe. Yule ni wa zamani, hata sauti yake nimeisahau. Ulipoanza kuziita zako, mimi pia nikaanza kuziona ni zako. Naapa. Nikizitazama siku hizi namwona ni wewe. Weka sahihi. Acha zichapwe hivi hivi. Nani atajua?"

"Mimi."

"Na mwingine nani?"

"Nikishajua mimi, unataka nani mwingine?"

Nikauondoa mkono wake. Ilinichukua nguvu zaidi ya nilivyotegemea.

"Mpigie," nikasema.

"Nimpigie nani?"

"Mwenye mgongo wake."

---

Alidai hana namba. Nikamwambia aitafute. Akadai simu yake haina chaji. Mzee Wino, Mungu ambariki, akamnyooshea ya kwake bila kusema neno. Ikabidi amwombe namba dada yake mwenyewe, kwa aibu, huku mimi nimesimama nimekunja mikono. Halafu akapiga, akaiweka simu juu ya meza ya taa, katikati ya kurasa, spika imewashwa.

"Haloo?" Nyuma ya sauti ile maji yalikuwa yakipiga na watoto wakipiga mayowe.

"Ni mimi," Kimya akasema.

"Mimi nani?"

"Mchoraji."

"Wewe shikilia ubao, usiuachie! Si wewe, namwambia mtoto. Mchoraji. Makubwa. Nani amekufa?"

Akamweleza. Nitampa haki yake: alipoanza hakuruka kitu. Alimwambia kuhusu picha, kuhusu katalogi, kuhusu mimi, kuhusu orodha. Sijawahi kumsikia akisema maneno mengi namna ile kwa mara moja, na yote alikuwa akimwambia mwingine. Hilo nalo liliniudhi.

"Kwa hiyo umemwambia mwenzio kuwa mimi ni yeye," yule mwanamke akasema mwishoni.

"Sikumwambia. Nilinyama..."

"Ulinyamaza. Naujua ukimya huo. Yupo hapo?"

"Nipo," nikasema.

"Dada, pole."

Sikutegemea.

"Wewe ameshakuchora kweli?" akaniuliza.

"Kwa penseli tu. Kwenye daftari."

"Usoni?"

Nikafikiri. "Mgongoni."

Akacheka, lakini si kwa ubaya. "Mimi alinichukua miaka miwili, saba zote mgongo. Nikamwambia, bwana, mbele pia nipo. Akasema anajitayarisha. Nikaona huyu atajitayarisha mpaka nitie mvi, nikaenda zangu. Wala baba hakuwa na haja ya kumkataa."

Nilimtazama Kimya. Hakuwa na pa kuweka uso.

"Unataka ziondolewe ukutani?" nikamuuliza yule mwanamke. "Sema tu. Zitaondolewa leo."

"Ziacheni. Ni picha nzuri, nilikaa mpaka kiuno kikaniuma, angalau watu wazione. Mwaka andika wa kweli. Jina langu usiweke. Mume wangu nitamwambia mwenyewe. Na wewe mchoraji."

"Naam."

"Mwangalie huyo dada usoni. Haya, nina watoto kumi na wawili majini."

Simu ikakatika.

---

Mzee Wino akaacha kujifanya. Akavuta kiti, akakaa.

"Haya. Miaka tunabadilisha, hiyo ni dakika tano. Kurasa nane zako, mwanangu, ndiyo kazi. Lile ni fungu zima, karatasi moja kubwa iliyokunjwa. Siwezi kutoa tatu nikaacha tano. Jalada nalo limeshachapwa, uti wake umepimwa kwa unene huu. Nikitoa fungu, kitabu kitacheza ndani ya jalada kama mguu ndani ya kiatu cha kaka."

"Zitoke," nikasema. "Sitaki neno langu hata moja libaki."

Yalikuwa maandishi yangu ya kwanza kuchapwa kwa jina langu. Miaka yote nimeandika vipimo vya watu wengine. Kurasa zile nilizifanyia kazi miezi minne, nikimsomea Kimya jikoni huku yeye akikaanga mayai na kutikisa kichwa. Kumbe kichwa kilikuwa kinatikisika kwa hofu.

"Ninazo zile za daftari," Kimya akasema ghafla. Macho yake yaliwaka. "Za penseli. Zile ni zako kweli, zina tarehe, kila moja. Zinatosha kurasa nane. Tuziweke hapo. Watu wakuone wewe. Naweza kwenda kuzileta sasa hivi."

Alikuwa amesimama tayari, ufunguo mkononi. Na nitasema kweli, kwa nukta moja nililegea. Niliisikia ile penseli inakwaruza nyuma yangu, mchana, dirisha limefunguliwa. Nilimtamani mtu yule wa nyuma yangu kama mtu anavyotamani maji.

Kisha nikakumbuka kwa nini kurasa zile ziko tupu.

"Kaa chini," nikamwambia. "Mimi si kiraka cha kitabu chako."

Akakaa.

"Tutajaza kwa vipande," Mzee Wino akaamua. "Nakuza picha zenyewe. Shingo ukurasa mzima, kiti ukurasa mzima, ule mkono uliolala mezani kurasa mbili. Watu wa sanaa wanapenda hivyo, watadhani tulifikiri sana. Nipeni saa moja."

Nikavuta ukurasa wa picha ya kwanza, nikamsukumia Kimya pamoja na kalamu nyekundu.

"Kata mwaka. Andika wa kweli."

"Wewe una mwandiko mzuri zaidi."

"Uliandika uongo kwa mkono wako, ukweli nao utauandika kwa huo huo."

Akaandika. Mmoja baada ya mwingine, saba, na kila alipomaliza mmoja nikauchukua, nikaulinganisha na picha nilizopiga kwa simu kule ukumbini, nikausogeza kwa Mzee Wino. Vipimo vya ile ya nne nilivinyoosha mwenyewe, kimo kwanza. Alipofika ukurasa wa mwanzo, ule wenye mstari mmoja katikati, *Kwa mchumba wangu, niliyemchora,* kalamu ikasimama.

"Huu je?" akauliza.

"Ni kweli?"

Aliusoma mstari ule tena. Akachora msalaba mkubwa juu yake, kwa nguvu mpaka wino ukatoka nje ya karatasi ukachafua kioo. Nilipoona vile nililia. Sikujificha. Nililia huku nimekasirika, na ni kilio kibaya hicho, hakina hata raha ya kulia. Hakunigusa. Kwa mara ya kwanza alifanya la akili.

Saa tano na nusu niliweka sahihi. Mzee Wino akaichukua karatasi, akaipuliza, akatuonyesha mlango kwa kidevu. "Nendeni mkagombane nje, wanangu. Hapa mnanichanganyia rangi."

Tulisimama barazani, kati ya mabunda ya karatasi yaliyofungwa nailoni. Jua lilikuwa kali. Ndani mashine ilianza kunguruma, kwanza polepole, halafu kwa kasi, na ukuta tulioegemea ukatetemeka.

"Harusi ipo?" akauliza.

"Sijui."

"Rula."

"Nimesema sijui. Na leo usiniite hilo jina."

Akanitazama. Si vile alivyozoea, kwa pembeni, akipima mwanga. Alinitazama usoni, macho mekundu, mpaka mimi ndiye niliyetaka kuyakwepa yake. Sikuyakwepa.

"Niambie nifanye nini," akasema. "Chochote."

"Baba yangu alikujua kwa kutazama kadi moja. Mimi nikamtukana mbele ya wateja wake. Sasa hivi nakwenda kumpigia magoti."

"Twende wote."

"Hatuendi wote. Leo ni zamu yangu. Wewe ni kesho, saa mbili asubuhi, kabla hajafungua duka. Unabisha hodi, unamweleza kwa mdomo wako, tangu mwanzo hadi mwisho, kama ulivyomweleza yule dada. Usimtume shangazi. Usimtume mshenga. Na usinyamaze."

"Atanifukuza."

"Atakufukuza, ndiyo." Nikatundika mkoba begani. "Na keshokutwa utarudi."